Anza na mbuzi, laptopu baadae: jinsi ya kuingia kwenye kazi ya kuanimeti viumbe vya muvi ukiwa huku kwetu nyanda za juu

Dogo mmoja wa Uyole kanifata wiki iliyopita na laptopu kwapani, anataka nimwekee "ile programu ya madinosa". Nikamwambia kaa kwanza nikuulize, mbuzi akitembea miguu yake inafuatana vipi? Akacheka, akajua namtania. Hakujua, na kwao mbuzi wapo tangu hajazaliwa. Ila simcheki, mimi mwenyewe nilikaa miaka miwili naanimeti simba na mbwa bila kujua jibu, nikawa najiuliza mbona wanyama wangu wanatembea kama meza iliyopewa roho.

Basi naandika hapa mara moja, ili kila anaenifata nimwambie kasome kwanza halafu uje. Ugonile wa Mbeya, kamwene wa Iringa, wa Njombe na Songwe nanyi mkae.

Kwanza tuelewane kazi yenyewe, maana watu wanachanganya. Ukiangalia muvi ukaona mnyama ambae hayupo, kwa mfano yule chui milia wa kwenye boti kwenye Life of Pi ya 2012, huyo kapita mikononi mwa watu wengi sana. Kuna aliyemchonga kwenye kompyuta, huyo ni mtu wa modeli. Kuna aliyemwekea mifupa na vishikio vya kumchezesha, huyo ni riga na kifaa chake kinaitwa rigi. Kuna wa misuli, ngozi na manyoya, yaani mnyama akikanyaga nyama ya paja itikisike. Kuna wa rangi, kuna wa mwanga, kuna kompozita anaebandika kila kitu kwenye picha ya kamera mpaka usishtuke. Katikati yao yupo animeta, na animeta kazi yake ni moja tu, kumfanya aende, apumue, asite, aogope, arukie. Hachori na hachongi. Wengi wakisikia hivi wanakata tamaa kwa sababu walitaka kufanya vyote, na huku kwetu kweli utalazimika kujua kidogo kidogo vyote, ila kwenye studio kubwa za London, Vancouver au Wellington wanamwajiri mtu kwa kitu kimoja anachokijua sana. Chagua. Hapa naongelea animeta wa viumbe.

Kitu kingine, usidanganyike kwamba siku hizi wanamvalisha mtu suti ya vitambuzi kompyuta inamaliza. Kwa binadamu na vitu vinavyotembea kama binadamu sawa. Lakini dinosa hayupo wa kumvalisha, na simba ukimvalisha wewe ndo utakuwa muvi. Kwa viumbe wengi wa miguu minne kazi bado inafanywa kwa mkono, pozi kwa pozi. Hata Jurassic Park ya 1993, dinosa wa kompyuta mle ndani ni kama dakika sita tu za muvi nzima, waliobaki ni mashine na wanasesere, na animeta wake walipelekwa kusoma maigizo ya bila maneno ili wajue mwili unavyosema. Dakika sita, na dunia ikabadilika.

SASA MBUZI

Kamera ya simu yako inatosha. Tafuta mbuzi au ng'ombe anaetembea mwenyewe bila kufukuzwa, simama pembeni yake kabisa, usimfate kwa nyuma, simu iegeshe kwenye kitu isitikisike. Akipita mbele yako toka upande mmoja mpaka mwingine umepata dhahabu. Ng'ombe wengi wako Usangu, mimi nilienda Igurusi siku mbili nikarudi na video kama arobaini, wafugaji wananishangaa, mmoja akaniuliza kama ni wa mkopo nimekuja kuhesabu.

Ukirudi nyumbani icheze polepole. Utaona mwendo wa kawaida una mapigo manne: mguu wa nyuma kushoto, wa mbele kushoto, wa nyuma kulia, wa mbele kulia, halafu unarudi. Ndo jibu la swali la yule dogo. Akianza kukimbia mdogo mdogo inageuka, miguu inaenda kwa mshazari, wa nyuma kushoto pamoja na wa mbele kulia, mapigo mawili. Twiga yeye ana ya kwake, miguu ya upande mmoja inaenda karibu pamoja, ndo maana anaonekana kama anayumba. Duma akikimbia anapaa mara mbili kwenye kila mzunguko, mara moja akiwa amejikunja miguu yote chini ya tumbo, mara ya pili akiwa amejinyoosha, wakati farasi anapaa mara moja tu, akiwa amejikunja. Na tembo hapai kabisa, hata akikimbia kwa hasira kuna mguu unabaki chini. Kwahiyo ukiona rili ya mtu, yaani video fupi ya kuonesha kazi zake, ina tembo anaruka kama farasi, ujue hakumwangalia tembo. Ruaha iko pale nyuma ya Iringa, nenda hata mara moja na kikundi mchangie gari, ukae na tembo mmoja nusu saa badala ya kukimbizana na simba kama watalii.

Halafu nenda bucha. Siongei utani. Pale sokoni Soweto au Mwanjelwa, hapa Mbeya, muombe muuza nyama akuoneshe anavyotoa mguu wa mbele wa mbuzi. Atautoa kwa kisu tu, bila shoka, kwa sababu haujaungana na mwili kwa mfupa, mbuzi hana mtulinga kama wewe na mimi, bega lake limeshikwa na nyama peke yake. Mguu wa nyuma lakini atahangaika, kuna kiungo cha nyonga pale. Hii kitu ndogo ndo inatofautisha animeta wa viumbe na mtu anaechezesha midoli: mwili wa mbele wa mnyama unaning'inia katikati ya mabega mawili kama kitanda cha kamba, kila mguu ukibeba uzito ule mfupa bapa wa bega unapanda juu na kifua kinashuka kidogo, uzito ukiondoka unarudi. Mwangalie paka anaenyatia panya, mabega yanapanda mpaka yanapita mgongo. Usipoweka hicho, mnyama wako hana kilo hata moja.

Na ile "goti la nyuma" ambayo mbuzi kaikunjia nyuma siyo goti jamani. Ni kisigino. Goti lake liko juu karibu na tumbo, limejificha. Mbuzi na ng'ombe wanatembea juu ya kucha za vidole viwili, mbwa na paka wanatembea juu ya vidole, wewe na dubu mnatembea na unyayo mzima. Yani ile supu ya kongoro unayokunywa alfajiri stendi ya Nanenane, pale unakula viganja na vidole vya ng'ombe. Toka nijue hivyo nikiwa nakunywa kongoro nahesabu viungo, mke wangu kashazoea.

Kuku pia. Mshike kuku kwa mikono miwili, msogeze mbele nyuma, kichwa kinabaki palepale hewani kama kimepigiliwa. Akitembea ndo hivyo hivyo, kichwa kinatupwa mbele, kinasimama, mwili unakuja kukifata. Dinosa wa miguu miwili unamtoa humo. Bure kabisa, uani kwenu.

FREMU

Muvi inaenda fremu 24 kwa sekunde, yaani picha 24 zinazofuatana. Simu yako inarekodi 30 au 60. Hapa watu wengi wanaharibu, wanachukua video ya fremu 30 wanaiweka kwenye Blender, programu ya kuanimeti, iliyosetiwa 24, mnyama anakuwa mzito kuliko alivyo, alafu wanashangaa taimingi haikai. Igeuze kwanza video iwe 24 kwenye programu ya kuediti yoyote ya bure, hakikisha sekunde kumi bado ni sekunde kumi, ndo uihesabu.

Mbuzi wangu wa kwanza niliemhesabu alimaliza mzunguko wa miguu yote kwa fremu 22, ng'ombe wa Igurusi fremu 31, tembo asiye na haraka anaenda kwenye 48 hivi, yaani sekunde mbili. Andika kwenye daftari la shule, daftari la kawaida, mnyama, mwendo, fremu ngapi, mguu gani unagusa fremu ipi, kichwa kinashuka lini. Mimi nina madaftari manne sasa ivi na nayaamini kuliko mafunzo mengi nilolipia. Ukipewa kazi ya kiumbe kisichokuwepo, mteja anasema "ana uzito kama kifaru ila ana miguu ya mbuzi", wewe unafungua daftari, mwenzio anabahatisha.

PROGRAMU NA MASHINE

Pita hapa haraka maana ndo panapendwa na hapana mambo mengi. Blender ni ya bure, ya bure kweli siyo ya kukraki, faili lake la kushusha halifiki GB moja, bando la usiku linatosha. Flow, muvi ya paka na wenzake isiyo na neno hata moja, ilitengenezwa kwa Blender na ikachukua Oscar ya muvi bora ya animesheni mwaka 2025, kwahiyo asikudanganye mtu kwamba ni programu ya watoto. Ukweli wa upande wa pili ni kwamba studio kubwa za viumbe nyingi zinaanimeti kwa programu nyingine, Maya, na Maya ni ghali, ila mwanafunzi anaejisajili na chuo anaipata bure kwa mwaka, halafu anahuisha. Kama uko MUST, chuo kikuu cha sayansi na teknolojia cha hapa Mbeya, au chuo kingine ulizia. Usiipoteze hiyo nafasi ukamaliza chuo ndo unaanza kutafuta. Ukijua kuanimeti kwa Blender, kuhamia Maya ni suala la wiki chache kujua vitufe viko wapi, mguu wa mbuzi ni uleule.

Rigi usitengeneze mwanzoni. Ndani ya Blender kuna kitu kinaitwa Rigify, unaiwasha tu kwenye mipangilio, ina mifupa iliyokwishapangwa ya farasi, mbwa mwitu, paka, ndege mpaka papa. Pia kuna rigi za bure nyingi mtandaoni, angalia masharti yake tu kama zinaruhusiwa kwenye kazi ya kulipwa.

Mashine: kuanimeti kwenyewe hakuhitaji mashine ya ajabu, kinachokula mashine ni manyoya na kurenda, yaani kompyuta kutoa picha za mwisho. RAM GB 16 ndo pa kuanzia, kadi ya picha ya NVIDIA hata ya kizazi cha nyuma, na mausi yenye kigurudumu, usianimeti kwa kile kipadi cha laptopu utaumia mkono. Mimi nilianza na laptopu ya mtumba yenye GB 8, ilikuwa inapiga kelele kama mashine ya kusaga, ikaungua mwezi wa kumi na moja kwenye joto. Mwezi wa sita na wa saba ndo ilikuwa inaenda vizuri, baridi ya Uyole ni feni tosha. Chukua laptopu badala ya kompyuta ya mezani, umeme ukikatika una saa moja ya kuhifadhi kazi. Na hifadhi kwa namba, mbuzi_01, mbuzi_02, mbuzi_03, usiandike juu ya faili lilelile. Blender inajihifadhia yenyewe kila dakika mbili ila usiiachie maisha yako.

MAZOEZI, KWA MPANGILIO HUU NA USIRUKE

Mpira unaodunda. Najua, umechoka kusikia. Fanya mipira miwili, mmoja wa pingpong'i na mwingine wa jiwe, mtu akiangalia bila rangi wala sauti ajue upi ni upi. Ukishindwa hapo dinosa wako atakuwa puto. Baada ya hapo mpe mpira mkia, mkia ufate kwa kuchelewa, ncha ichelewe zaidi ya shina. Huo mkia ndo utakuja kuwa masikio ya tembo, ndo utakuwa ngozi ya shingo ya ng'ombe, ndo kila kitu kinachoning'inia.

Kisha mwendo wa miguu miwili, kisha wa miguu minne. Wa miguu minne nakwambia utalia. Siri ni kuanza na nyonga na kifua, siyo miguu. Fanya mwili uwe unapanda na kushuka kwanza, nyonga na kifua vipishane, maana vikipanda pamoja mnyama anaonekana kama meza inayonyanyuliwa. Ndo uweke miguu, wa nyuma kwanza. Tumia mapozi manne tu ya kila mguu, kugusa chini, kubeba uzito, kupita katikati, kunyanyuka, uangalie kwa kuruka pozi hadi pozi bila kulainisha. Watu wanawahi kulainisha, kompyuta inajaza katikati, kila kitu kinateleza kama samaki ndani ya mafuta. Ukiwa bado hujaridhika na mapozi yakiwa yamekatikakatika, kulainisha hakutakusaidia kitu.

Kosa namba moja la wabongo wote nilowahi kuangalia kazi zao, na mimi nikiwemo: mguu unateleza chini. Uzito ukishatua mguu usisogee hata kidogo mpaka unyanyuke. Kosa la pili, mnyama hafanyi kitu kingine zaidi ya kutembea. Wanyama wana mawazo bana. Mbuzi anatembea, anasikia kitu, sikio moja linageuka kabla ya kichwa, kichwa kinageuka kabla ya mwili, anasimama na mguu mmoja hewani. Shoti, yaani kipande kimoja cha video, ya sekunde nne yenye hiyo kusita inamshinda simba wa sekunde thelathini anaekimbia kwenye jangwa.

CHAGUA KIUMBE CHAKO, NA SIYO SIMBA

Kila mtu ana simba. Kila mtu ana dragoni. Anaechagua watu wa kuajiri kashaona simba mpaka anawaota. Sisi huku tumekalia vitu ambavyo hakuna mwenye navyo na hatuvitumii, inaniuma sana hii.

Bonde la Rukwa, hapo Songwe, wanasayansi walichimba mabaki ya mamba mdogo saizi ya paka, aliishi miaka kama milioni 100 iliyopita, wakamtangaza 2010 kwa jina Pakasuchus kapilimai. Paka ni hiyohiyo paka yetu, na jina la pili ni heshima kwa profesa Saidi Kapilima wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Miguu yake mirefu myembamba, meno ya nyuma yanakutana kama ya mnyama anaetafuna, na magamba mgongoni ni machache kuliko ya mamba huyu tunaemjua, mkiani ndo yamejaa. Hebu fikiria zoezi hilo. Mamba akitembea uti wa mgongo unaenda kushoto na kulia kama nyoka, paka akikimbia mgongo unakunjika juu na chini. Huyu wa Songwe unampa upi? Hakuna video yake. Unaamua wewe, na unatetea uamuzi wako kwa mifupa. Hiyo ndo kazi ya animeta wa viumbe yenyewe kwenye shoti moja. Mimi nilimpa mwendo wa pembeni kidogo akiwa polepole, akishtuka akageuka kuwa paka, na hiyo shoti ndo iliyonipatia kazi ya kwanza ya nje.

Wapo wengine humohumo bondeni, Shingopana songwensis aliyetangazwa 2017, dinosa wa shingo ndefu ambae jina lake ni Kiswahili kitupu kwa sababu mifupa ya shingo imepanuka, na Rukwatitan wa 2014. Na kama unataka aliye hai, Rungwe kuna kipunji, nyani ambae wanasayansi walimtangaza 2005 tu wakati wazee wa pale walikuwa na jina lake siku zote. Ana nywele zimesimama utosini kama kashtuliwa na radi. Ukimfanya huyo vizuri na manyoya yake kila mtu atakuuliza ni nini, na wewe unaanza kuongea, tayari mko kwenye maongezi.

MWEKE MTAANI

Kiumbe kwenye sakafu ya kijivu ni zoezi. Kiumbe pale Mwanjelwa katikati ya bajaji ndo kazi ya efekti, yaani kumchanganya kiumbe wa kompyuta na picha ya kweli. Rekodi mtaa kwa simu, asubuhi mapema au jioni jua likiwa limelala, funga fokasi na mwanga wa kamera visibadilike badilike katikati, usizuumu. Tembea polepole. Kabla hujaondoka pima kwa futi upana wa barabara na urefu wa simu toka chini, andika. Chukua mpira wa krismasi unaong'aa kama kioo, uweke pale kiumbe atakaposimama, upige picha, utakuonesha jua liko wapi na mbingu ina rangi gani, mtu wa mwanga atakushukuru na mtu huyo ni wewe. Nilipofanya hivyo mara ya kwanza mama mmoja wa maparachichi akaniuliza mwanangu hiyo ni dawa ya nini, ikabidi ninunue ya elfu mbili yaishe.

Ukirudi, Blender yenyewe ina sehemu ya kufuatilia mwendo wa kamera, inasoma nukta kwenye video na kujua simu ilikuwa wapi. Chagua nukta kwenye vitu visivyotembea, kona za maduka, nguzo, siyo bajaji. Alafu mweke kiumbe. Kinachomwaminisha mtu siyo manyoya, ni vitu vitatu: kivuli pale mguu unapogusa, vumbi kidogo akikanyaga, na kitu cha kweli kikipita mbele yake. Mtu mmoja tu akipita mbele ya kiumbe ukamkata vizuri kwenye picha abaki mbele yake, umemaliza mabishano.

RILI NA KUTAFUTA KAZI

Rili isizidi dakika moja na nusu. Shoti tatu kali zinatosha, nne ukiweza. Ile bora kuliko zote iwe ya kwanza kabisa, wanaoangalia wana mamia ya rili na hawasubiri. Usiweke ile ya zamani eti kwa sababu ulitumia miezi mitatu, shoti moja dhaifu inawaambia hujui kutofautisha. Muziki weka mdogo au acha, wengi wanaangalia bila sauti. Andika pembeni ulifanya nini hasa: animesheni yangu, rigi ya fulani, modeli ya bure. Ukidanganya kwenye hilo dunia yao ni ndogo sana, mtajuana.

Weka YouTube au Vimeo, ArtStation ambako wasanii wanaonesha kazi zao, na LinkedIn. Tafuta nafasi za ngazi ya chini na intanshipi, fungua kurasa za ajira za studio zenyewe. Kwa upande wa Afrika, studio ya Triggerfish ya Cape Town wana mafunzo ya bure mtandaoni kwa wanaoanza, yapitie hata kama ni ya katuni, maana msingi ni mmoja. Fidbeki itafute kwa watu wasiokupenda. Mtu wa kwanza kuangalia simba wangu aliandika mstari mmoja, kwamba anamuona mwanasesere mwenye ngozi ya simba, nilikasirika siku mbili nzima, siku ya tatu ndo nikapanda gari kwenda Igurusi.

Na nikuambie ukweli, hapa nyumbani kazi ya viumbe vya muvi karibu haipo. Utakula kwa matangazo, katuni za watoto za elimu kama zile wanazotengeneza Ubongo pale Dar, picha za majengo kwa wakandarasi, logo zinazozunguka za makanisa na harusi. Siyo aibu. Mimi logo za harusi zimenilipia kodi miaka mitatu. Ila jiwekee saa mbili kila siku za kiumbe, alfajiri kabla wateja hawajaanza kupiga simu, usipofanya hivyo logo zitakumeza.

Huko nje nako siyo peponi. Kampuni ya Rhythm & Hues iliyomtengeneza yule chui milia ilitangaza kufilisika Februari 2013, na mwezi huohuo ndo kazi yao ikachukua Oscar ya efekti. MPC, waliofanya The Lion King ya 2019, kampuni mama yake iliporomoka Februari 2025 na watu maelfu wakaachwa hewani. Kwahiyo ukipata mkataba wa miezi sita usichukue mkopo wa miaka mitano. Ajira kule ni za muvi kwa muvi, muvi ikiisha nawe umeisha mpaka nyingine ije. Kumbuka pia kuna karatasi ya siri utasaini, kazi yako hutaruhusiwa kuionesha mpaka muvi itoke na mara nyingine hata ikitoka lazima uombe, kwahiyo endelea kutengeneza vyako mwenyewe usije ukakaa mwaka na nusu huna cha kuonesha.

HELA

Malipo kabla. Nusu mbele, nusu kabla ya kutuma faili la mwisho, na kabla ya hapo mteja aone video ndogo yenye jina lako katikati. Nilijifunza vibaya, kuna mteja wa nje nilimtumia kila kitu kwa sababu aliongea vizuri sana na alikuwa ananiita ndugu, shoti sita, akapotea kama mvuke wa chai. Andika kwenye makubaliano marekebisho ni mara ngapi, mimi natoa mbili, ya tatu inalipiwa. Usichaji kwa shoti bila kuiona, shoti moja ina tembo amesimama na nyingine ina mbwa watatu wanapigana, chaji kwa siku za kazi halafu zidisha makadirio yako kwa moja na nusu, kwa sababu makadirio yako siku zote ni ya mtu asiyekatiwa umeme. Hela ya nje mimi napokea kwa Payoneer, huduma ya malipo ya mtandaoni, na benki, soma makato kwanza. Chukua na namba ya mlipa kodi mapema, wateja wakubwa wa ndani hawakulipi bila hiyo.

Faili za kuonesha zibane ziwe nyepesi, hakuna haja ya kutuma GB mbili za mapozi. Kubwa napandisha usiku kwa bando la usiku, naweka saa, naamka saa kumi kuangalia kama imefika.

Mkono nao. Ukiona kiganja kinakufa ganzi pumzika, wapo niliowaona wameacha kazi kwa ajili ya kiganja siyo kwa kukosa kazi.

Kama uko Mbeya na unataka kuanza wikiendi hii, nenda bucha Jumamosi kabla ya saa moja na nusu asubuhi, nyama inakuwa bado haijakatwa na muuzaji hana foleni. Nunua hata robo ndo uombe kuangalia, ukienda mikono mitupu na simu ya kurekodi watajua wewe ni wa afya.